Sekunde Tisa za Bora

Mwongozaji ameandika kutoka Milano:
Nataka upepo. Trieste, majira ya baridi,
mwaka hamsini na nne. Sekunde tisa.
Rangi si lazima. Bei isizidi ya mwezi jana.

Upepo wa mji huu unaitwa Bora.
Hakuna aliyeuliza: bora kuliko nini?
Hushuka mlimani bila hodi,
hung'oa vigae, hupindua mikokoteni ya maziwa;
siku ukikoma ndiyo afadhali.
Zamani manispaa ilifunga kamba kwenye pembe za mitaa
watu washikilie wavuke,
kama nguo zilizoanikwa zikakataa kupeperuka.

Nimeshuka ghalani, chini ya ardhi, nyuzi kumi na mbili.
Mikebe inanuka siki. Filamu nayo ikizeeka huchacha.
Nimevaa glavu za pamba na koti la marehemu mjomba.

Nimetazama mawaziri kumi na wanne wakikata utepe.
Nimetazama daraja likifunguliwa, meli ikibarikiwa,
ng'ombe akivishwa nishani,
jenerali akishuka ngazi,
jenerali yule yule akipanda.
Jua linawaka siku zote.
Ukiiamini mikebe hii
mji wetu haujawahi kupata mafua.

Sababu naijua.
Bora ukivuma, kamera zilibaki ndani.
Nani angesimamisha miguu mitatu ya mbao barabarani
aipoteze lenzi iliyoazimwa Roma?
Walingoja kutulie, wakapiga picha utulivu,
na utulivu ndio tuliorithi.

Nimemwandikia Vojka kule Ljubljana: theluji anayo, upepo hana.
Nimempigia Ermanno wa Udine, aliyeachiwa na baba yake
harusi mia tatu kwenye masanduku ya viatu;
anaziuza kwa sekunde.
"Huyu bibi harusi analia," ananiambia, "huyu ni ghali."
Nimeshukuru. Nimekata simu. Nimekula mkate nimesimama.

Ijumaa, mkebe usio na namba,
penseli imefifia: Uzinduzi wa benki. Mabaki.
Waziri wa kumi na tano, ukumbini. Mkasi.
Makofi yasiyo na sauti.
Anatoka, kamera inamfuata hadi mlangoni,
na hapo mpiga picha (kadi yasema Oreste Gherbaz)
anapepesuka, au kidole kimekufa ganzi;
kamera inaanguka kwa ubavu, haizimiki,
na kwa ubavu, kama mgonjwa aionavyo dunia,
kamba.
Imetandwa nguzo hadi nguzo.
Mwanamke mnene ameishika kwa mkono mmoja,
mkono wa pili umekumbatia samaki wa kufunga gazetini;
gazeti limekwenda zake, samaki wamebaki uchi.
Anacheka hadi magego yanaonekana.
Nyuma yake kofia ya waziri inakatiza mtaa,
inakimbia yenyewe, waziri hayupo.

Sekunde tisa na fremu nne. Nimehesabu mara tatu.

Halafu karatasi. Kampuni ya habari ilifilisika,
aliyeinunua alikufa, mwanawe alihamia mbali asikojibu barua.
Nimempata mjukuu wa Oreste, Gorizia, fundi wa miwani.
"Ukanda wa kofia?" Kimya. "Babu alifutwa kazi kwa huo.
Tuliambiwa wameuchoma."
Sikumwambia bei. Aliuliza mwenyewe, si bei:
yule mama, alifika na samaki wake?
Nikasema ukanda unaishia kabla.

Nimetuma. Mwongozaji amejibu usiku ule ule:
Safi sana. Ila picha imelala upande.
Unaweza kuinyoosha?

Nimeandika jibu refu, nimelifuta.
Nimeandika jingine:
Haiwezekani. Siku ile mji wote ulikuwa hivyo.
Nikaambatanisha ankara.